Ia Mana te Nunaa ilianza mbele, kwa nini Tavini ndiyo iliyofika Tahiti?

#1 KijanaWaPangani
Wakuu habari. Naleta jambo la mbali, Bahari ya Pasifiki, lakini limenikaa rohoni na humu najua wapo wanaofuatilia.

Polynesia ya Kifaransa ni visiwa 118, watu kama laki mbili na themanini elfu, bahari yake ukiifunika juu ya Ulaya inaenea. Wengi wanaishi Tahiti. Katikati ya miaka ya 1970 vilizaliwa huko vyama viwili vidogo vya kudai uhuru. Cha kwanza, 1975, ni Ia Mana te Nunaa, maana yake kama "wananchi wawe na nguvu". Kiongozi wake Jacqui Drollet, kundi la vijana wasomi, wajamaa, wana programu iliyoandikwa vizuri. Cha pili, 1977, ni Front de libération de la Polynésie cha Oscar Temaru, mtu wa forodha kutoka Faa'a, hukohuko Tahiti. Hicho ndicho kilichobadili jina 1983 kikaitwa Tavini Huiraatira, yaani mtumishi wa wananchi.

Uchaguzi wa 1982 Ia Mana wakapata viti 3 bungeni kati ya 30. Temaru alikuwa bado nje ya bunge, akaja kuingia 1986. Leo Ia Mana ukimtajia mtu anakukodolea macho. Tavini 2023 wamechukua viti 38 kati ya 57 na urais juu.

Swali langu ni moja: nini kilitokea? Wenye hoja na vitabu walikwama wapi?

#2 Mzee_Kigamboni
Umetoka Pangani ukapita Mafia hukushuka, ukaenda kutua Tahiti! Haya, nimevuta kiti.

#3 chapakazi77
Si ndio wale waliopiga kura ya maoni mara tatu wakakataa uhuru wenyewe? 2018, 2020 na 2021. Sasa chama kitakua vipi kama wananchi hawataki?

#4 MwlSimbaulanga
Hapana ndugu #3, hiyo ni Kaledonia Mpya, na wenyeji wake ni Wakanaki, watu wa Melanesia. Ni maelfu ya kilomita kutoka Tahiti. Na hata hiyo kura ya tatu ya Desemba 2021 vyama vya uhuru viliigomea, wakati watu wapo kwenye misiba ya korona, ndiyo maana "hapana" ikapanda ghafla hadi asilimia 96 na ushei.

Tahiti wamepigishwa kura ya aina hiyo zamani sana, 1958, enzi za de Gaulle. Asilimia 64 hivi wakasema tubaki na Ufaransa. Aliyesimama upande wa "hapana" alikuwa Pouvanaa a Oopa. Mleta uzi, huwezi kuzungumzia Temaru wala Drollet ukamruka huyu mzee. Nitarudi kwake.

#5 BintiChumbageni
Mimi naona jibu lipo kwenye lugha na sala. Temaru anahutubia Kitahiti. Mikutano ya Tavini inafunguliwa kwa maombi, watu wanaimba, kikundi cha akina mama kipo mbele. Visiwa vile watu wa dini sana, Waprotestanti na Wakatoliki, na kanisa la Kiprotestanti lenyewe lilipinga majaribio ya mabomu ya nyuklia ya Ufaransa. Sasa wewe njoo na ujamaa wa wafanyakazi kujiendeshea viwanda, uliotafsiriwa kutoka vitabu vya Paris, umwambie mvuvi wa Tuamotu. Atakusikiliza kwa heshima, atakupa nazi unywe, na kura atampa anayesali naye.

#6 Ngarenaro_Lyon
BintiChumbageni umesema kweli nusu. Nami niko Ufaransa mwaka wa kumi na moja, nimekaa nyumba moja na kijana wa Moorea. Ia Mana nao walizungumza Kitahiti, jina lenyewe la chama ni Kitahiti. Tusiwafanye kama wageni kwao.

Tofauti ninayoiona ni halmashauri. Temaru alichaguliwa meya wa Faa'a 1983, na akarudishwa tena na tena. Faa'a ndiyo halmashauri yenye watu wengi kuliko zote, inaipita hata Papeete, mji mkuu, na uwanja wa ndege wa kimataifa uko hapo. Ukiwa meya unashughulikia maji, taka, makaburi, unazika watu, unafungisha ndoa. Mwananchi anakujua kwa sura. Drollet alikuwa na viti vya bunge ila hakuwa na ngome yenye ukubwa huo chini ya miguu yake. Chama kidogo kisicho na mtaa wake kinaishi kwa hewa.

#7 Mchumi_Nakuru
Hapo kwenye Faa'a niongezee. Kwa nini Faa'a imejaa? 1963 Wafaransa walileta kituo cha majaribio ya nyuklia, CEP. Pesa zikamwagika. Watu wakaacha vanila na nazi visiwani wakaja Tahiti kubeba zege. Wakapanga vyumba milimani nyuma ya uwanja wa ndege. Kazi za ujenzi zilipopungua, vijana wakabaki palepale bila shamba na bila mshahara. Hao ndio wapiga kura wa Temaru. Kwa hiyo chama hiki kimekuzwa na mambo ambayo kinayapinga. Ia Mana walikuwa na walimu na makarani, watu wenye mshahara wa serikali. Mwenye mshahara anawaza mara mbili kabla ya kudai bendera.

#8 Mkali_wa_Data
Mabomu yenyewe yalikuwa 210, sio mchezo.

#9 MwlSimbaulanga
210 ni jumla ya majaribio yote ya Ufaransa, mkuu. 17 yalifanyika Algeria, jangwani kule Reggane na In Ekker, kuanzia 1960. Afrika ililalamika sana, Nkrumah akiwa mstari wa mbele. Algeria ilipopata uhuru 1962 Wafaransa wakajua siku zao jangwani zinahesabika, wakahamishia Moruroa na Fangataufa, visiwa vya Polynesia. Huko wakalipua 193 kati ya 1966 na 1996. Mpaka 1974 walikuwa wanalipulia hewani, mara 46. Julai 1974 wingu la jaribio walilolibatiza Centaure lilielea hadi Tahiti kwenyewe, watu hawakuambiwa kitu.

Kwa hiyo hili bomu lilitoka kwetu likaenda kwao. Sisi Waafrika tunapaswa kuwa wa mwisho kuona suala hili ni la mbali.

#10 MpishiMelini_Msa
Salamu kutoka Kisauni. Mimi nimefanya kazi jikoni kwenye meli ya watalii, mikataba minne, na Papeete tumeshatia nanga mara nyingi. Siasa zao sizijui kwa vitabu, nitasema nilichoona.

Jioni pale bandarini, uwanja wa Vaiete, yanakuja magari ya kuuza chakula, yanajipanga kama yale ya chipsi Mama Ngina. Nikaagiza ia ota. Ni jodari mbichi, amekatwa vipande vidogo, anakamuliwa ndimu, kisha anamwagiwa tui. Tui lenyewe bubu, halijapikwa, mama anakamua nazi kwa kitambaa mbele yako! Nilisimama pale nikamkumbuka bibi yangu Faza. Wanawake wamejifunga nguo kama leso, ua sikioni. Mkate wanakula ule mrefu wa Kifaransa, kila mtu kauweka kwapani.

Bei sasa. Kila kitu kinatoka nje. Nilinunua maji, sabuni na kandambili, nikatoa pesa nikadhani nimekosea kuhesabu. Mpakuzi mmoja wa bandarini aliyekuwa anazungumza Kiingereza kidogo nikamuuliza, mnaishije? Akacheka, akaniambia: samaki tunavua, shelisheli tunachuma, vingine tunakopa.

#11 Shamba_Dole
MpishiMelini, shelisheli wanaliitaje huko? Maana la kwetu Unguja wazee wanasema mbegu yake ilivuka bahari.

#12 MpishiMelini_Msa
Wanaita uru. Wanalichoma zima juu ya moto hadi ganda linakuwa jeusi, ndani linatoka jeupe kama mkate. Asili yake ni visiwa vya Pasifiki hukohuko. Na ile meli ya Waingereza iliyoasi 1789, Bounty, ilikuwa imebeba miche ya shelisheli kutoka Tahiti kuipeleka Karibi wakalishwe watumwa.

#13 Shamba_Dole
Shukrani. La kwetu tunalipika kwa tui pia. Endeleeni na siasa, mimi nimeshapata changu.

#14 Ngazija_Zenj
Asalaam alaikum. Nimesoma yote, hakuna aliyegusa hofu. Nina shangazi Mamoudzou, Mayotte, kwa hiyo hili nalijua nyumbani.

Desemba 1974 Wakomoro walipiga kura. Visiwa vitatu karibu vyote vikataka uhuru, Mayotte wengi wakakataa. Ufaransa ikahesabu kisiwa kimoja kimoja. 1976 Mayotte wakapigishwa tena, 2011 wakafanywa mkoa kamili wa Ufaransa. Leo shangazi yangu na dada yake wa Ngazija wanatenganishwa na viza, na kuna watu wanaozama kila mara kwenye mkondo wa Anjouan wakijaribu kuvuka kwa vile viboti vyao vya kwasa.

Sasa Polynesia nao wana visiwa vya Marquesas, wana lugha yao, hawapendi kuburuzwa na Tahiti, na wapo viongozi wao walioshasema Tahiti ikijitenga wao watabaki na Ufaransa. Mtu wa kisiwa kidogo anajiuliza: uhuru huu, ni wangu au ni wa Papeete? Chama chochote cha uhuru, kiwe cha wasomi au cha forodha, kinagonga ukuta huo. Tavini wamekua kwa kulipunguza makali neno lenyewe. Hilo ndilo jibu langu.

#15 Ngarenaro_Lyon
Ngazija_Zenj pole na shangazi. Ila Tavini hawajalipunguza makali muda wote. Miaka ya 1980 na 1990 walikuwa wakali kuliko Ia Mana. Ndio maana nataka turudi kwenye jambo ambalo mleta uzi amelisahau: Ia Mana WALIINGIA SERIKALINI. Mwishoni mwa 1987 Alexandre Léontieff alipomwacha Gaston Flosse, kigogo wa siasa wa upande wa kubaki na Ufaransa, na kuunda serikali yake, Drollet akawa waziri. Serikali ile haikuwa ya uhuru, na mabomu yalikuwa bado yanalipuliwa chini ya Moruroa. Ukiwa chama kidogo cha msimamo, ukakaa meza moja na wasio na msimamo wako, wananchi wako wanahamia kwa jirani aliyebaki nje anapiga kelele. Jirani alikuwa Temaru.

#16 BintiChumbageni
Hapo nakubali. Hata huku tumeona chama kidogo kikipewa wizara mbili kinanyamaza, mwisho wa siku hata ofisi ya kata kimefunga.

#17 Mchumi_Nakuru
Lakini waziri anaweza kufanya kitu, mpiga kelele hafanyi. Drollet aliona afadhali kazi kidogo kuliko hotuba nyingi. Mimi simlaumu.

#18 MwlSimbaulanga
Mmesahau 1995! Chirac ametangaza Juni kwamba majaribio yanaanza upya, baada ya mwenzake Mitterrand kuyasimamisha 1992. Septemba bomu la kwanza linalipuliwa, kesho yake uwanja wa ndege wa Faa'a unachomwa moto, Papeete maduka yanavunjwa. Dunia nzima ikaangalia. Temaru alikuwa anasema jambo hilohilo tangu 1977, watu wakaona kumbe huyu hakuwa mwendawazimu. Uchaguzi wa 1996 viti vya Tavini vikaongezeka zaidi ya mara mbili. Ia Mana nao walipinga bomu miaka yote, lakini moto ulipowaka waliokuwa barabarani Faa'a ni wengine.

#19 Mkali_wa_Data
Asante kwa marekebisho ya #9, nilisoma haraka. Leo nimekuja na hesabu kamili. 2004 bunge liliwekewa bonasi, orodha itakayoongoza inaongezewa theluthi ya viti. Utaratibu huo Flosse ndiye aliyeutaka ili atawale kwa raha. Matokeo, muungano wa Temaru, UPLD, ukamshinda visiwa vya Tahiti na Moorea kwa kura mia chache tu, bonasi yote ikaenda upande wa pili! Juni 2004 Temaru akawa rais. Oktoba wakamwangusha, akarudi, wakamwangusha. Hadi 2013 alikuwa amekalia kiti hicho mara tano.

2023 hivyohivyo: kura asilimia 44 hivi, viti 38 kati ya 57. Msiniambie sala wala lugha. Sheria ya uchaguzi inawala wadogo na kuwanenepesha wakubwa. Chama cha viti 3 hakina pa kusimama ndani ya utaratibu huo.

#20 Ngarenaro_Lyon
Na ndani ya UPLD hiyo ya 2004 walikuwemo nani? Ia Mana te Nunaa. Drollet akaja kuwa makamu wa rais chini ya Temaru. Kwa hiyo mleta uzi, hawakupotea baharini. Walimezwa, na kwa kiasi fulani walikubali wenyewe.

#21 KijanaWaPangani
Hili la #20 sikulijua, na limenigusa. Yule aliyeanza mbele akaja kukaa makamu wa yule aliyeanza nyuma. Naomba kuuliza: anayemeza na anayemezwa, mawazo ya nani yalibaki? Maana nasoma Tavini ya sasa, naona mambo ya mazingira, ardhi, haki za baharini, na hayo Ia Mana waliyasema mapema.

#22 Mchumi_Nakuru
Swali zuri, ila mimi sikubali kwamba 2023 watu walipigia mawazo yoyote ya uhuru. Walipigia tumbo. Serikali ya Édouard Fritch 2022 iliongeza kodi ya asilimia 1 kwenye bidhaa na huduma ili kuokoa mfuko wa hifadhi ya jamii. Soma tena alichosema Mpishi kuhusu sabuni na kandambili. Ongeza asilimia juu ya hapo. Mwaka huohuo Tavini wakabeba viti vyote vitatu vya Polynesia kwenye bunge la Paris, mmoja wao Tematai Le Gayic akiwa na miaka 21 wakati huo. Na Moetai Brotherson wa Tavini alipokuwa rais Mei 2023 alisema kura ya maoni haina haraka, akataja miaka 10 hadi 15. Angekuwa amechaguliwa kwa ajili ya uhuru angesema hivyo?

#23 BintiChumbageni
Kwani uhuru lazima uwe kesho asubuhi? Mtu anaweza kuutaka moyoni na akataka kwanza hospitali yake isimame. Waliougua saratani ya tezi na ya damu kule wamehangaika na madai miaka na miaka. Sheria ya fidia ilikuja 2010, ikawekewa kipengele kwamba kama hatari ilikuwa "ndogo" hulipwi, karibu kila mtu akarudishwa mikono mitupu hadi 2017 kipengele kilipofutwa. Familia kama hiyo ikipigia Tavini kura, utasema ni tumbo?

#24 Mchumi_Nakuru
Hapana dada, hapo umenipata. Siyo tumbo.

#25 Zenj_Diplomasia
Nami niongeze la New York. Baada ya vita Polynesia iliwekwa kwenye orodha ya Umoja wa Mataifa ya maeneo yasiyojitawala, 1947 Ufaransa ikayaondoa. Temaru alikaa miaka akibisha hodi. Tarehe 17 Mei 2013 Baraza Kuu likairudisha, azimio likapelekwa na visiwa vidogo kama Solomon, Nauru na Tuvalu, likapita bila hata kupigiwa kura. Cha kusikitisha, siku ileile Flosse alikuwa anachaguliwa tena kuwa rais nyumbani kwao.

Kamati ya 24 inayoshughulikia orodha hiyo, Tanzania ni mwanachama tangu mwanzo, na Dk. Salim Ahmed Salim wetu aliiongoza miaka ya 1970. Ndiyo miaka ambayo Ia Mana na chama cha Temaru vinazaliwa. Wakati huo Dar imejaa wapigania uhuru wa Msumbiji, Angola, Namibia. Visiwa vile havikuwa hata kwenye karatasi ya kamati. Tukiulizana chama kidogo kilikwama wapi, tukumbuke kwamba hakikuwa na mlango wa kubisha.

#26 Mzee_Kigamboni
Hii ndiyo iliyonitoa machozi. Asante kijana.

#27 MwlSimbaulanga
Niliahidi Pouvanaa. Alizaliwa Huahine 1895, akapigana Vita vya Kwanza upande wa Ufaransa, seremala, msoma Biblia. 1949 akachaguliwa kwenda bunge la Paris, wananchi wakamwita metua, baba. Baada ya ile kura ya 1958 alikamatwa Oktoba, akashtakiwa kutaka kuuchoma mji wa Papeete. Kifungo miaka 8 na kufukuzwa kwao miaka 15. Alirudi 1968, mabomu yameshaanza, na 1971 akawa seneta. Alifariki 1977. Hukumu yake ilifutwa na mahakama ya Ufaransa Oktoba 2018, miaka 41 yuko kaburini.

Nadhani yangu ni hii: watu walikuwa wanatafuta metua mwingine. Drollet alikuwa mwalimu mzuri, lakini mwalimu unamheshimu, baba unamfuata. Temaru alianza mwaka uleule mzee anafariki.

#28 Mkali_wa_Data
Mwalimu, hilo halipimiki.

#29 MwlSimbaulanga
Halipimiki, ila nenda mkutanoni kwao ukaone picha ya nani imebebwa.

#30 MpishiMelini_Msa
Nimewasoma hadi hapa nikamkumbuka mama mmoja wa soko la Papeete, lile la ghorofa lenye maua chini. Mzee, kofia ya ukindu. Nilikuwa nanunua vanila. Akaniuliza kwa Kifaransa cha taratibu natoka wapi, mwenzangu wa Reunion akanitafsiria. Nikasema Mombasa, Kenya. Akauliza, nyie mlijitawala lini? Nikamwambia 1963. Akahesabu kwa vidole, akanyamaza kidogo, akasema: mwaka huo ndio sisi walikuja wanajeshi. Alikuwa msichana, kaka yake alikwenda kujenga Moruroa. Akanifungia vanila kwenye karatasi, akageukia mteja mwingine.

Sikumuuliza chama chake.

#31 Ngazija_Zenj
Allah awape subira. Swali la mwisho kutoka kwangu: hiyo kura ya maoni ikija, anayepiga ni nani? Kaledonia walifunga daftari, wageni wa juzi hawakupiga. Polynesia daftari liko wazi, askari mstaafu wa Kifaransa aliyejenga Punaauia anapiga sawa na mvuvi wa Rurutu.

#32 Ngarenaro_Lyon
Hilo fungua uzi wake ndugu yangu. Nitamwita na yule kijana wa Moorea, yeye ana mengi ya kusema kuhusu daftari.